OSRS: Venye Utapanga XP na Skili Zako Kabla Uchome Bond

Uliza msee yeyote wa Old School RuneScape mbona anakata miti saa nane usiku, atakushow "nasaka 99." Poa. 99 ya kufungua nini? Hapo kimya.

Hakuna noma na kusaga. Kusaga ndio ile kurudia kitu kimoja mara elfu mpaka leveli ipande, na hii gemu imejengwa juu ya hiyo. Noma ni kusaga bila rada. Wiki mbili za umemba zinaisha, bando imeenda, macho ni nyekundu, na akaunti yako bado haiwezi fanya kitu yoyote mpya. So leo tunapiga hesabu: venye unachagua lengo, venye unajua itakula masaa mangapi na ganji ngapi, na ni nini ufanye bure kabla uguse Bond. Kalkuleta ya simu inatosha. Hii si hesabu ya chuo, na hiyo nakuambia kama mtu aliacha chuo.

Kwanza, kwa wageni

RuneScape ilianza 2001, na kampuni yake ni Jagex ya Cambridge, Uingereza. Baadaye gemu ikabadilishwa sana, wachezaji wakalia wanataka ile ya zamani, so Februari 2013 Jagex wakafungua Old School RuneScape kutoka kwa nakala ya Agosti 2007. Hiyo ndio OSRS. Oktoba 2018 ikaingia kwa simu, na mtaani ndio iliwabamba wengi, juu haitaki simu ya bei wala kompyuta ya nguvu.

Hakuna stori moja kubwa yenye lazima uifuate. Kuna skili 24: kuvua samaki, kupika, kuchimba, kupigana, kuiba, na kadhalika. Ya mwisho kuongezwa ni Sailing, 2025, na ndio skili mpya ya kwanza tangu OSRS ifunguliwe. Kila skili inaenda mpaka leveli 99. Kila kitendo kinakupea XP, na XP ndio inapandisha leveli.

Skili 15 ni za bure. Zile 9 zingine ni za memba tu: Agility, Herblore, Thieving, Fletching, Slayer, Farming, Construction, Hunter na Sailing. Umemba unalipia na pesa ya ukweli, ama unatumia Bond. Bond moja ni siku 14, na unaweza inunua na gp, zile pesa za ndani ya gemu. Sikiza hapa vizuri: siku 14 zinahesabika ata kama hujaingia. Stima ikipotea siku mbili, hizo ni siku mbili zako zimeenda. Ndio maana mpango unafanywa kabla ya Bond. Ukishaiwasha, saa inatembea.

Leveli inakudanganya

Ukiwa leveli 50 unadhani uko nusu ya safari ya 99. Zii. Leveli 50 ni XP 101,333. Leveli 99 ni XP 13,034,431. Hujafika ata asilimia moja.

Nusu ya ukweli ni leveli 92, yenye inataka XP 6,517,253. Yaani kutoka 1 mpaka 92 ni safari moja, na kutoka 92 mpaka 99 ni safari ingine urefu huo huo. Robo ya njia ni leveli 85, na moja ya nane ni leveli 78. Umeona mtindo? Kila leveli saba, XP inakuwa kama mara mbili.

Shika namba chache kwa kichwa, zingine utacheki ukihitaji. Leveli 40 ni 37,224. Leveli 60 ni 273,742. Leveli 70 ni 737,627. Leveli 80 ni 1,986,068. Leveli 90 ni 5,346,332.

Maana yake kwa mtu ako na masaa mawili jioni akitoka wera: leveli za 40 mpaka 70 ndio bei rahisi kuliko vitu zinafungua. Kwa bei ya 99 moja ungepata leveli 70 kwa skili 17. Na mambo mengi tamu ya hii gemu yanataka 70 ama chini. Song of the Elves, moja ya kwesti kubwa za OSRS, inataka 70 kwa skili nane. Nane, sio 99 hata moja. Msee mwenye ako na 99 ya Woodcutting na zingine zote 20 ako mbali na hiyo kwesti kuliko mwenye alisambaza.

99 ya kujishow iko sawa ukiwa umemaliza mambo yako, lakini usianze nayo.

Chagua mlango

Lengo liandikwe kama kitu unataka kufungua. "Nataka Prayer 43" ni lengo poa juu nyuma yake kuna Protect from Melee, ile maombi inazuia ngumi na panga za madubwana wengi. "Nataka Magic 55" ni poa juu hapo ndio unapata High Level Alchemy, uchawi wa kugeuza vitu kuwa gp. "Nataka Prayer 60" ni ya nini? Kama huwezi jibu kwa sentensi moja, ifute.

Ukishapata mlango, igeuze iwe idadi ya vitendo. Hapa ndio wengi wanaruka, na hapa ndio doo hupotea.

Chukua hiyo Prayer 43. Inataka XP 50,339. Unaipata kwa kuzika mifupa, na njia ziko nne.

Njia ya bure ni kuzika Big bones, XP 15 kila mmoja. 50,339 gawa kwa 15 ni mifupa 3,356. Bonyeza moja moja. Pole.

Ukiwa memba unaweza zika Dragon bones, XP 72 kila mmoja. Hapo ni mifupa 700.

Ukipeleka hizo hizo Dragon bones kwa gilded altar yenye taa zake mbili zimewashwa, kila mfupa unakupea mara tatu na nusu, yaani XP 252. Sasa ni mifupa 200. Na huhitaji nyumba yako mwenyewe. Wasee hufungua nyumba zao pale Rimmington kwa World 330, unaingia unatumia altar ya mwenyewe, unatoka.

Njia ya nne ni altar ya Chaos Temple kule Wilderness, leveli 38. Inakupea XP 252 vile vile, lakini kila mfupa uko na nafasi ya 50% ya kutoliwa. Kwa wastani mifupa kama 100 inakufikisha. Shida ni Wilderness ni mtaa wa wakora. Wachezaji wengine wanakuja kukudedisha wabebe mifupa yako. Ukienda, beba mzigo mdogo wenye hautakuuma ukipotea, na usiende na neti ya kubahatisha, juu ikikatika katikati ya vita mhusika wako anabaki hapo amesimama kama mlingoti.

Mlango ni ule ule, bei ni kutoka 3,356 mpaka 100. Mtu mwenye alianza kuzika Big bones siku ya kwanza, na mwenye alingoja umemba akafanya kwa jioni moja, wote wako na 43. Mmoja tu ndio bado anapenda hii gemu.

Hesabu gp pia

Mifupa haikuji bure. Skili za kununua kama Prayer, Construction, Herblore na Cooking ziko na masaa mawili yamejificha: masaa ya kutreni, na masaa ya kutafuta hizo gp. Lazima ujumlishe.

Mfano tu, juu bei kwa Grand Exchange inapanda na kushuka kila siku: tuseme Dragon bone moja ni gp 2,000. Mifupa 200 ni gp 400,000. Kama wewe unatengeneza gp 200,000 kwa saa, hiyo Prayer 43 imekula masaa mawili ya kusaka doo na dakika chache za altar. Bado ni rahisi kuliko mifupa 3,356. Lakini ukitengeneza gp 20,000 kwa saa, ni masaa 20, na sasa inabidi ufikirie tena. Ndio maana ile njia "bora" ya msee wa YouTube mwenye ako na gp bilioni haiwezi kuwa njia yako.

High Alch inaonyesha hii vizuri. Kila mpigo ni XP 65. Mpigo mmoja unachukua sekunde 3, so ukienda bila kupepesa ni mipigo 1,200 kwa saa, XP 78,000. Kutoka Magic 55 mpaka 59 ni XP 81,250, ambayo ni mipigo 1,250 kamili. Saa moja na dakika chache, umemaliza ukiwa kwa mat. Sasa piga ile ya 55 mpaka 99 kwa njia hiyo hiyo: mipigo 197,967, karibu masaa 165. Kwa masaa mawili kila siku, hiyo ni karibu miezi mitatu ya kubonyeza mahali pamoja. Uamuzi ni wako, lakini angalau umeona bei kabla ya kulipa.

Pima spidi yako, achana na ya watu

Gaidi za mtandaoni zitakuambia njia fulani inatoa XP 100,000 kwa saa. Hiyo ni ya mtu ako na mausi, skrini mbili, na seva iko karibu na kwake. Wewe uko na simu, kidole, na mathe anaita utume chumvi.

OSRS inatembea kwa mapigo ya sekunde 0.6. Kuna njia za kutreni zenye zinataka ubonyeze kwa pigo kamili, na seva nyingi ziko mbali. Ukicheza kutoka Nairobi na bando, hizo njia zitakusumbua roho. Chagua njia za polepole zenye hazijali ukichelewa kidogo: kupika, kukata miti, kupiga Sand Crabs.

Halafu pima. Cheza dakika 20 kawaida, na usumbufu wote wa kawaida, uandike XP ulianza nayo na uliyomaliza nayo. Zidisha tofauti kwa tatu. Hiyo ndio spidi yako. Ukipata 9,000 kwa dakika 20, wewe ni mtu wa 27,000 kwa saa, na hesabu zote zifanye na hiyo. Kwa kompyuta, RuneLite iko na kifaa cha kufuatilia XP na kalkuleta ya skili, inakuambia umebakisha vitendo vingapi. Kwa simu, ingia kwa settings za XP drops, unaweza weka lengo la skili moja na ulione likisonga.

Spidi ikishuka sana baada ya siku kadhaa, mara nyingi ni mwili unakuambia umechoka. Badilisha skili.

Kwesti ndio lifti

Watu wanaogopa kwesti juu ya kusoma maneno mingi. Ni makosa ya bei ghali. Leveli za chini ndio ziko na njia mbovu zaidi za kutreni, na kwesti inakurukisha hizo zote.

Waterfall Quest ni ya memba na haitaki skili yoyote. Inakupea XP 13,750 ya Attack na 13,750 ya Strength. Kama ulikuwa leveli 1, unatoka ukiwa 30 kwa zote mbili bila kupiga hata kuku. Ndani kuna majitu, so unakimbia na chakula mkononi. Ongeza Fight Arena (Attack 12,175), Tree Gnome Village (11,450) na The Grand Tree (18,400, lakini inataka Agility 25). Jumlisha zote nne: 55,775. Hiyo ni Attack 44, kwa kwesti pekee. Witch's House nayo inakupea XP 6,325 ya Hitpoints, na kutoka 10 yenye kila mtu anaanza nayo unafika 24.

Wasio memba pia wako na zao. Doric's Quest inataka tu upeleke udongo na mawe kadhaa, na inakupea XP 1,300 ya Mining. Ukiwa mwanzo kabisa, hiyo inakufikisha Mining 10. Na Mining 10 ndio The Knight's Sword inataka. Na The Knight's Sword inakupea XP 12,725 ya Smithing, yaani kutoka 1 mpaka 29. Ona venye moja inafungua ingine. Msee mwenye hajui hiyo atakaa Lumbridge akitengeneza visu vya shaba mpaka achoke.

Kuna mtu atasema "lakini nikifanya kwesti baadaye si XP ni ile ile?" Ni kweli, XP haipotei. 12,725 ni 12,725 siku yoyote. Chenye unaokoa ni yale masaa ya chini yenye unapata XP kidogo kidogo. Ukishafika Smithing 50 na njia poa, 12,725 ni ya kucheka. Ukiwa leveli 1 ni siku nzima.

Taa za XP ni tofauti, juu hizo unachagua skili mwenyewe. Zawadi za Achievement Diary huwa 2,500 kwa zile rahisi, 7,500 za katikati, 15,000 ngumu, na 50,000 za mwisho. Usizitumie kwa Cooking ama Firemaking, skili zenye zinapanda haraka. Zipeleke kwa ile inakuuma zaidi. Kwa wengi hiyo ni Agility ama Runecraft.

Mfano mzima: Barrows gloves

Sasa tuweke yote pamoja na mlango mmoja wa ukweli. Barrows gloves ni glavu zenye zinasaidia panga, mshale na uchawi kwa pamoja, na kwa miaka mingi zimekuwa lengo la kwanza kubwa la karibu kila akaunti. Unazipata ukimaliza kwesti ya Recipe for Disaster, yenye iko na vipande 10 na inataka quest points 175.

Skili zenye inataka ni 14: Cooking 70, Magic 59, Fishing 53, Thieving 53, Mining 50, Firemaking 50, Agility 48, Smithing 40, Crafting 40, Ranged 40, Woodcutting 36, Herblore 25, Fletching 10 na Slayer 10. Mtu akiona hiyo orodha ananunua Bond na kuanza kutoka juu kwenda chini. Usifanye hivyo. Zigawanye mara mbili kwanza.

Zenye unaweza treni bila kulipa hata ndururu: Cooking, Magic, Fishing, Mining, Firemaking, Smithing, Crafting, Ranged, Woodcutting. Jumla ya XP zake ni 1,461,260.

Zenye lazima uwe memba: Thieving, Agility, Herblore, Fletching, Slayer. Jumla ni 229,758.

Soma hizo namba tena. Kama 86% ya XP yote ya hii kwesti inaweza tengenezwa bure, ata kama unangoja mwezi mzima ndio upate Bond. Ni kweli njia za bure ni polepole, lakini siku zako hazihesabiki. Ukilipa Bond halafu ukae siku nne ukivua samaki wenye ungevua bure, hizo siku umezitupa.

Ndani ya hiyo 1,461,260, nusu nzima ni Cooking 70 pekee, XP 737,627. Inatisha lakini ndio rahisi. Kupika lobsta ni XP 120. Kutoka Cooking 40 mpaka 70 ni lobsta 5,837. Ukinunua zikiwa mbichi na upike karibu na benki pale Al Kharid, unaweza maliza kama 1,200 kwa saa. Masaa tano hivi, ongeza ya zile zitaungua. Ukisema uvue zote mwenyewe ndio usave gp, utapata XP 525,330 ya Fishing juu yake, yenye ni Fishing 66, na ulihitaji 53 tu. Hayo masaa yote ya kuvua ni ya kufungua mlango wenye hukuwa unaenda.

Kwa hiyo Fishing fanya hivi. Ukifika leveli 20 enda Barbarian Village uvue trout, na salmon ukifika 30. Trout ni XP 50, salmon ni 70. Ukikadiria 60 kwa samaki, kutoka leveli 20 mpaka 53 ni kama samaki 2,200. Na pale pale kuna moto hauzimiki, so unapika kila mzigo wa samaki kabla ya kurudi mtoni. Trout ikipikwa ni 70, salmon ni 90. Ukimaliza Fishing 53, Cooking itakuwa imefika 50 na kitu, ukitoa zenye ziliungua. Mbili kwa shoti moja.

Siku 14

Sasa Bond imewashwa. Masaa mawili kwa siku ni masaa 28. Wacha nikuambie mapema: kama akaunti yako ni mpya, Barrows gloves haziingii kwa masaa 28. Quest points 175 pekee zitakula zaidi ya hapo. Gawa iwe Bond mbili, na katikati urudi kwa bure utafute gp.

Bond ya kwanza ianze na kwesti za lifti zenye tumetaja, na Druidic Ritual, juu hiyo ndio inafungua Herblore. Prayer 43 ifanye siku hizo hizo za mwanzo kwa altar ya Rimmington, itakusaidia kwa kila kwesti iko na bosi. Halafu Agility, juu ndio itakuchosha zaidi. Leveli 48 ni XP 83,014, na ukiifanya yote siku moja utaichukia gemu. Ikate vipande vya nusu saa kila siku. Ile nguo ya Graceful ya kukimbia bila kuchoka inataka Marks of Grace 260. Ni tamu, lakini usiifukuze kwa Bond ya kwanza. Zenye utaokota njiani weka tu kwa benki.

Thieving 53 ni ya simu kabisa. Kuiba matunda kwa vibanda vya Hosidius kunaanza leveli 25, unabonyeza mahali pamoja huku ukiskiza podikasti.

Na kuna ile XP inaingia ukiwa umezima simu. Mimea ya dawa kwa Farming inakua kwa dakika 80, uwe ndani ya gemu ama la. Ukishamaliza Bone Voyage, nyumba za ndege kwa Hunter zinataka dakika 50. Panda asubuhi kabla ya wera, vuna lunch, panda tena, vuna jioni. Kila raundi ni dakika tano, na kwa siku 14 hiyo inajumlika kuliko masaa ya kusaga. Mimea pia inauzwa, so inasaidia kulipa Bond ya pili.

Sahau njia ya mkato ya kununua gp na pesa ya ukweli kwa watu wa nje, ama kuwacha programu ikuchezee usiku. Jagex wanapiga akaunti ban kwa zote mbili, na ikienda imeenda na kila XP yenye tumehesabu hapa.

Siku ya 13 usitreni kitu mpya. Vuna mimea ya mwisho, halafu uza vitu vyote vya memba vyenye hutahitaji, juu ukirudi bure huwezi viuza. Pale Grand Exchange memba ako na nafasi 8 za kuuza na asiye memba ako na 3, so zijaze zote jioni hiyo na uchukue gp zako kabla Bond ikatike. Hizo gp zigawe mara mbili: moja ya lobsta mbichi, ingine ya Bond ya pili.